Koktel ya pasteki nyumbani: utamu uko mu tunda, hatari iko mu maji

Saa saba ya mchana, jua likiwaka Walikale-centre ao Mubi, kila mtu anatafuta kitu cha baridi cha kunywa. Na kule Masisi, hata kama vilima viko na baridi yake, siku ya ndoa, ya ubatizo ao ya kupokea wageni, kinywaji kinatakiwa mezani. Si kila jamaa iko na faranga za kununua kreti ya sukari. Wengi wanauliza: koktel ya matunda, ile isiyo na pombe, inatengenezwa namna gani nyumbani, na pasteki moja tu?

Jibu ni rahisi: kazi yenyewe inachukua karibu nusu saa. Lakini mu Kivu ya Kaskazini, koktel nzuri si ile yenye sukari mingi. Ni ile ambayo kesho yake hakuna mtoto anayeharisha. Tunda lenyewe haligonjwesishe mtu mara nyingi. Kinachogonjwesha ni maji tunayoongeza, kisu tunachokatia, barafu tunayotia na mikono inayokamua. Tutaeleza yote mawili: namna ya kupata utamu, na namna ya kufunga mulango wa magonjwa.

Pasteki inatufikia namna gani

Pasteki, ile wengine wanaita tikiti maji, inapenda joto na jua. Mu vilima vya Masisi baridi inaizuia kukomaa vizuri. Walikale iko na joto, lakini mvua ya pori ni nyingi, na unyevu unaoza matunda na majani haraka. Kwa hiyo, pasteki nyingi zinazoonekana mu masoko yetu zimetoka mu mabonde ya joto, zikapanda gari, kisha pikipiki, kisha kichwa cha mama. Barabara ya kutoka Sake kupanda Masisi, kupita Nyabiondo na Kashebere mpaka Walikale, watu wote wanaijua: mvua ikinyesha siku mbili, gari linalala njiani. Na usalama ukiharibika, hata pikipiki haipite.

Maana yake ni nini kwa mwenye kununua? Tunda limeshikwa na mikono mingi, limelala chini mahali pengi, na limegongwa. Ngozi yake inaweza kuonekana safi na bado kubeba udongo na mavi ya nyama kutoka shamba ao sokoni. Tutarudilia jambo hilo.

Kuchagua ile iliyoiva

Pasteki haiendelee kuiva vizuri kisha kukatwa mu shamba. Ukinunua mbichi, itabaki mbichi. Angalia mambo manne:

Uzito. Shika mbili zenye ukubwa moja. Ile nzito njo yenye maji mingi.

Alama ya chini. Mahali tunda lilikuwa limelalia udongo, panapaswa kuwa na doa la manjano. Doa likiwa jeupe kabisa ao halionekane, lilivunwa mapema.

Sauti. Piga na vidole. Sauti nzito, kama ya kitu kilichojaa, ni nzuri. Ikilegea kama unapiga nguo iliyolowa, ndani imeanza kuoza.

Ngozi. Isiwe na ufa wala shimo. Ufa ni mulango: vidudu vinaingia na kuzaana ndani mu sukari.

Ile nusu pasteki iliyokatwa tangu asubuhi, imewekwa kando ya barabara na nzi juu yake, iache hata kama bei yake inavuta. Faranga 500 unazopunguza hapo zinaweza kukutoka mara kumi ku kituo cha afya.

Maji kwanza, mbele ya tunda

Ndani ya gramu 100 za nyama ya pasteki, karibu gramu 92 ni maji. Tunda hili halihitaji bidoni ya maji ili litoe kinywaji. Liko na maji yake tayari. Mwenye kuongeza lita mbili za maji ya mto ndani ya pasteki moja anapoteza utamu na anaingiza hatari pamoja.

Hatari hiyo tunaijua kwa jina. Mu mwezi wa saba 1994, kolera ilipiga wakimbizi wa Rwanda waliokuwa wamefika Goma. Mu mwezi wa kwanza peke yake, watu karibu elfu 50 walikufa, wengi wao kwa kolera na kuhara damu. Tangu wakati huo kolera haijaacha kurudilia jimbo letu, zaidi sana pale watu waliohama makwao wanasongamana na robine ni chache. Kidudu chake kinasafiri mu maji na mu chakula kilichoguswa na mavi ya mugonjwa. Hakina harufu, hakina rangi. Maji ya chemchem yanaweza kung'aa kama kioo na bado kuwa nacho.

Kwa hiyo maji yote yanayoingia mu koktel, yanayosafisha vikombe na yanayogeuka barafu, yanapaswa kutayarishwa. Njia ni tatu.

Kuchemsha. Acha maji yachemke na kuruka kwa dakika 1 nzima. Kwa wakaaji wa vilima vya juu vya Masisi, zile sehemu zinazopita meta 2.000, acha dakika 3. Sababu ni hii: kadiri unavyopanda, maji yanachemka mbele ya kufika digrii 100. Ku meta 2.000 yanachemka karibu digrii 93. Mapovu yanaonekana mamoja, lakini moto ndani ya maji ni mudogo, njo maana yanataka muda zaidi. Makala ni bei, tunajua. Chemsha usiku kisha kuipua chakula, wakati jiko lingali na moto, halafu funika mpaka asubuhi.

Dawa ya klorini. Kama umepata vidonge ku kituo cha afya ao dukani, soma ku pakiti: kidonge kimoja ni cha lita ngapi. Vinatofautiana. Kile cha lita 20 ukikitia mu lita 5, maji yatanuka. Kile cha lita 5 ukikitia mu bidoni ya 20, umejidanganya. Maji yakiwa na matope, yachuje kwanza na kitambaa safi. Ukishatia dawa, ngojea nusu saa mbele ya kutumia.

Jua. Chupa ya plastiki isiyo na rangi, ya lita 1 ao 2, ikijazwa maji yasiyo na matope na kulazwa juani saa 6, jua linaua vidudu vingi. Siku ya mawingu iache siku 2. Mvua ikinyesha siku nzima, njia hii haisaidie. Mu Masisi na Walikale siku kama hizo ni nyingi, basi isiwe njia yako moja tu.

Osha ngozi, hata kama huile

Hapa njo wengi wanakosea. Wanasema: ngozi tunaitupa, kwa nini kuiosha? Kwa sababu kisu kinapita ku ngozi mbele ya kuingia ndani. Kila kilichokuwa juu kinaingia ku nyama pamoja na kisu.

Mu mwaka 2011 jambo hilo liliua watu Marekani. Meloni zilizotoka mu shamba moja la jimbo la Colorado zilikuwa zimebeba kidudu kinachoitwa listeria. Watu 147 waligonjwa mu majimbo 28, na 33 walikufa. Kama inawezekana kule kwenye mafrigo na viwanda vya kuoshea, haiwezi kukosa kuwezekana kwetu.

Meloni na pasteki ziko na tabia moja ya kuangalia: hazina uchungu-chungu wa asidi kama ndimu ao maracuja. Vidudu vinapenda mahali kama pale, penye maji, sukari na asidi kidogo. Pasteki nzima inaweza kukaa siku nyingi mahali pa baridi. Ikishakatwa, saa inaanza kuhesabika.

Osha mikono na sabuni. Ukikosa, na majivu na maji safi. Sugua ngozi ya pasteki na maji yaliyotayarishwa, kisha ipanguse na kitambaa safi. Osha kisu na ubao, na usitumie ubao uleule uliokatia nyama ao samaki.

Vitu vinavyohitajika

Kwa watu 8, kila mmoja kopo moja:

- pasteki 1 ya kilo 3 hivi. Inatoa karibu lita moja na nusu ya maji yake
- ndimu 2 ao 3
- maracuja 4, ao vipande viwili vya nanasi
- tangawisi, kipande sawa na kidole gumba
- majani ya mchaichai, ule wengi mu Kivu wanaita sitronele, fungu moja dogo
- maji nusu lita
- chumvi paka kidogo, ile vidole viwili vinashika
- sukari vijiko 2 vya chai, kama tunda halina utamu wa kutosha

Namna ya kutengeneza

1. Anza usiku ao asubuhi mapema. Osha majani ya mchaichai na tangawisi. Ponda tangawisi. Chemsha vyote mu ile nusu lita ya maji kwa dakika 10, ipua, funika, acha ipoe kabisa. Hii njo siri ya koktel yetu: maji yote unayoongeza yamepita ku moto, na yameleta harufu nzuri.

2. Osha pasteki namna tulivyosema, ikate, toa nyama yake nyekundu na uondoe mbegu. Mbegu usizisage na mikseri, zinaleta uchungu.

3. Onja kipande kimoja. Kikiwa kichungu kweli, kama dawa, tema na utupe tunda lote. Jamaa ya meloni, maboge na matango inaweza kubeba sumu chungu ambayo sukari haiondoi, na inaleta kutapika na kuharisha.

4. Saga. Mwenye mikseri na umeme, dakika 1 inatosha. Asiye nayo, aponde na mwiko ndani ya sufuria safi. Pasteki ni laini, haikatae. Kinu kilichozoea sombe na pilipili kiache, harufu yake haitoke.

5. Chuja na kichujio ao kitambaa cheupe kilichochemshwa. Usikamue na mikono mitupu. Tumia kijiko kukandamiza.

6. Kata maracuja, toa ndani yake, chuja na kuchanganya. Kamua ndimu, ongeza. Mimina yale maji ya mchaichai kidogo-kidogo, ukionja. Tia chumvi. Chumvi hiyo haionekane mu kinywa, lakini inaamsha utamu wa tunda.

7. Sukari iwe ya mwisho. Onja kwanza. Mara nyingi utaona haihitajike.

Asidi ya ndimu iko na faida nyingine. Mu muji wa Bissau, Afrika ya Magharibi, wakati wa kolera ya miaka ya 1990, watafiti waliona kwamba watu waliotia maji ya ndimu mu muchuzi wao waliugua kolera kidogo kuliko wengine. Kidudu cha kolera hakipendi asidi. Lakini tusikie vizuri: ndimu inasaidia, haichukui nafasi ya kuchemsha maji.

Kupoza bila frigo

Masisi iko na frigo ya bure: usiku wa vilima. Chai ya mchaichai ikifunikwa vizuri na kuachwa mahali pa baridi usiku, asubuhi inakuwa baridi yenyewe. Pasteki nzima pia, ikilala usiku mahali pa baridi, inatoa koktel ya baridi bila barafu.

Walikale, usiku hausaidie sana. Weka koktel mu chupa iliyofungwa sana, kisha simamisha chupa mu ndoo ya maji ya chemchem, shingo ikibaki juu. Maji ya ndoo yasiingie ndani, na ukitoa chupa panguse mdomo wake mbele ya kumimina. Kitambaa kilicholowa kuzunguka chupa kinapoza vizuri pale kuna upepo mukavu; mu hewa ya pori, yenye unyevu, kinapoza paka kidogo.

Na barafu? Watu wengi wanafikiri baridi inaua vidudu. Hapana. Inavilalisha tu. Barafu ikiyeyuka mu kopo, vinaamka. Barafu ambayo haujue ilitoka ku maji gani, iweke inje ya chupa, isiingie ndani.

Inywewe ndani ya muda gani

Bila frigo, kunywa ndani ya saa 2 tangu kukata tunda. Joto likipita digrii 32, kama inavyotokea Walikale mchana, iwe saa 1. Ndani ya frigo inayofanya kazi bila kukatika, inaweza kungoja mpaka kesho yake. Ikianza kutoa mapovu ao harufu ya kasiksi, imwage.

Kwa wamama na vijana wanaotengeneza kwa kuuzisha, jambo hili ni la maisha ya biashara. Mtu mmoja akigonjwa kisha kunywa kwako, soko lote litajua mbele ya jua kutua. Tengeneza kidogo-kidogo, mara mbili ao tatu kwa siku, kuliko ndoo moja kubwa ya asubuhi. Chupa zilizotumika zioshwe na sabuni, zisukutuliwe na maji yenye klorini, na ujazie ile siku tu. Tumia kijiko kirefu cha kuchotea. Kopo la mteja lisiingie mu ndoo.

Ukikosa pasteki

Usilie. Masisi iko na maracuja na yale matunda mekundu ya muti ambayo tunaita pruni za Japani. Yote mawili yako na asidi ya kutosha. Yanataka tu maji ya mchaichai na sukari kidogo. Walikale iko na nanasi, papai na ndizi. Papai njo ndugu wa karibu wa meloni mu kinywa: laini, tamu, haina asidi. Changanya papai nusu, nanasi vipande vitatu, ndimu mbili na tangawisi, utapata kinywaji ambacho hakitamani pasteki ya mbali, na faranga zitabaki kwa mukulima wa kwenu.

Wa Masisi watauliza: na maziwa yetu? Maziwa yachemshwe kwanza, kwa sababu yale mabichi yanaweza kuleta brusela na kifua kikuu. Usichanganye na ndimu, yatakatika. Nanasi bichi na papai bichi ndani ya maziwa yanageuka machungu kisha muda mfupi. Meloni na maziwa inawezekana, lakini inywewe palepale.

Maganda usiyatupe njiani. Mbuzi, nguruwe na ng'ombe wanayakula. Ile sehemu nyeupe chini ya ngozi inaweza kukatwa na kupikwa kama mboga, na mbegu zikikaushwa zinakaangwa.

Koktel si dawa ya kuharisha

Hili tulisikie wote. Mtoto anayeharisha usimupe koktel tukisema iko na maji na vitamini. Sukari mingi ya matunda inaweza kuongeza kuharisha. Anahitaji maji ya chumvi na sukari ya kituo cha afya. Kama sashe haiko, tengeneza: lita 1 ya maji yaliyotayarishwa, vijiko 6 vya chai vya sukari na nusu kijiko cha chai cha chumvi, vyote vikiwa vimesawazishwa, si vya kurundika. Mupe kidogo-kidogo na mara nyingi, na wakati huohuo mupeleke ku kituo cha afya. Mavi yakiwa kama maji ya muchele, usingojee asubuhi: kolera inaweza kumaliza maji ya mwili ndani ya saa chache.

Mtoto asiyefika miezi 6 anyonye tu. Koktel, maji na juisi si vyake. Mwenye ugonjwa wa sukari aonje kopo dogo, na asiongeze sukari.

Kwa wengine wote: sikukuu ikija, ao jua likiwaka, nunua pasteki nzima, chemsha maji yako usiku, osha ngozi mbele ya kukata, na mualike jirani. Mukinywa mbele ya saa 2 kupita, mutabaki na kiu moja tu: ya kopo la pili.